Sanamu ya Duara, Mhusika Bapa: Kusoma Watu wa Shaba wa Dar es Salaam na Nairobi

Wahakiki wa fasihi ya Kiswahili wamezoea kuitafuta fasihi katika vitabu na, kwa wale wanaoijali fasihi simulizi, katika vinywa vya watu. Ni nadra kwa mhakiki kusimama njiani akasoma maandishi yaliyo chini ya sanamu. Hata hivyo, pale Mtaa wa Samora unapokutana na Mtaa wa Azikiwe mjini Dar es Salaam, chini ya nyayo za askari wa shaba, pana matini ya Kiswahili iliyokwisha kupitiwa na macho mengi kuliko diwani yoyote tunayoisomesha vyuoni. Imo katika hati mbili, ya Kiarabu na ya Kirumi, kando ya matini ya Kiingereza iliyotungwa na Rudyard Kipling. Makala hii inakusudia kuisoma sanamu hiyo na nyingine zinazohusiana nayo kwa utaratibu uleule tunaousomea kazi ya fasihi, yaani kwa kuanza na fani na kuelekea kwenye maudhui. Dai letu ni kwamba mtu wa shaba hupata uzito kwa kadiri anavyoishika nafasi ya mwili mahususi uliotoweka. Pasipokuwa na mwili huo, hata ustadi wa juu kabisa wa fundi hauzai zaidi ya aina ya mtu.

Tuanze na neno lenyewe. Wako wanaodhani kwamba *sanamu* na *sanaa* ni maneno ya ukoo mmoja, na dhana hiyo inavutia, kwa maana ingetupa sanamu kama zao la sanaa bila kutoka nje ya kamusi. Ukweli ni kwamba mizizi yake katika Kiarabu ni tofauti. *Sanaa* inatokana na mzizi wa kutengeneza na kubuni; *sanamu* inatokana na neno la Kiarabu lenye maana ya kinyago kinachoabudiwa. Kiswahili kimelilegeza neno hili la pili, likawa na maana ya picha, mwanasesere, na umbo lolote linalofanana na kiumbe, lakini harufu ya asili yake haijaisha kabisa. Yamkini ndiyo sababu mafundi wa pwani, ambao hawakukosa ujuzi wa shaba, hawakuuelekeza kwenye umbo la mtu. Siwa ya Lamu imesubiwa kwa shaba, ikapambwa kwa nakshi na maandishi, na ilikuwa alama ya mamlaka pasi na kuhitaji uso wa mtawala yeyote. Mamlaka yalisikika kwa sauti ya pembe. Kuyaona katika sura ya mtu aliyeinuliwa juu ya jiwe ni desturi iliyotujia baadaye.

Kuna suala jingine la istilahi linalogusa fani moja kwa moja. Tumezoea kumwita kila mtengenezaji wa sanamu *mchongaji*. Kuchonga ni kupunguza: fundi wa Kimakonde huondoa kwenye gogo kila kisichotakiwa, na kilichobaki ndicho kinyago. Kufinyanga ni kinyume chake, kwa kuwa mfinyanzi huongeza. Kusubu si kimoja wala kingine. Katika njia iliyoenea ya kupoteza nta, fundi hufinyanga kwanza umbo la udongo, akalifunika kwa plasta ili apate kalibu, akapaka nta ndani ya kalibu kwa unene wa milimita chache, kisha akajaza kiini cha udongo unaohimili moto. Nta hiyo hufunikwa tena kwa kalibu ya nje, kazi nzima ikatiwa tanurini, nta ikayeyuka na kutoka. Mahali ilipokuwa nta ndipo humiminwa bronzi, yaani shaba iliyochanganywa na bati, kwa joto linalozidi nyuzi 1000. Ikishapoa, kalibu huvunjwa.

Katika mchakato huu, basi, kusubu ni kubadilisha: kitu kimoja hutoweka ili kingine kiingie mahali pake, na kinachoonekana mwishoni si kile kilichoguswa na mikono ya msanii. Alama za vidole tuzionazo katika shavu la sanamu ziliwekwa kwenye udongo ambao haupo tena. Pili, sanamu ya bronzi ni tupu ndani. Ukiigonga hulia. Tutarudi kwenye utupu huo.

Kuna jambo la tatu, nalo ni la kiufundi tu, ila lina athari kubwa kwa maudhui. Jiwe ni zito na huvunjika upesi likivutwa. Ndiyo maana sanamu za mawe aghalabu huegemezwa kisiki au vazi linaloshuka hadi chini, na mikono ya watu wake hukaa karibu na kiwiliwili. Bronzi hustahimili mvuto. Inamruhusu mtu kuchukua hatua, kunyoosha mkono, kuelekeza silaha hewani bila nguzo ya kuishikilia. Kwa hiyo bronzi ni maada ya kitenzi. Lakini sanamu moja hupewa kitenzi kimoja tu, na hukitenda milele. Kenyatta wa mbele ya jumba la KICC, aliyetengenezwa na Mwingereza James Butler mwaka 1973, *ameketi*. Askari wa Dar es Salaam *anaelekeza*: ameinama mbele na bunduki yake, na ncha ya singe inatazama upande wa bandari. Msanii wa sanamu ana uhuru wa kuchagua kitenzi hicho kimoja, na mhakiki ana haki ya kumuuliza kwa nini alikichagua.

Kabla ya kuuliza swali hilo, inafaa tukumbuke kwamba fasihi ya Kiswahili ilikwisha kumwona shujaa akigeuka sanamu kabla ya mzungu yeyote kuleta yake. Katika *Utenzi wa Fumo Liyongo* ulioandikwa na Muhammad Kijumwa wa Lamu mwaka 1913, ambaye mwenyewe alikuwa mchongaji wa mbao na mwandishi wa hati, Liyongo hadhuriki kwa silaha yoyote isipokuwa shaba ikimwingia kitovuni. Mwanawe anashawishiwa, anamchoma usingizini. Liyongo anazinduka, anachukua uta na mshale, anakwenda karibu na kisima, anapiga goti na kufa katika hali ya kulenga. Watu wa mji wanamwona, hawajui kama yu hai au amekufa, na hakuna anayethubutu kuteka maji. Mji unashikwa na kiu. Mama yake anaombwa aende kumbembeleza. Ni mpaka mwili ulipoanguka ndipo ilipobainika kwamba walikuwa wakimwogopa maiti.

Sijui taswira yenye nguvu kuliko hii katika utenzi wowote wa Kiswahili, na sioni kwa nini imesomwa mara nyingi kama kilele cha usaliti tu. Ni nadharia kamili ya sanamu. Imo maada, kwa kuwa shaba ndiyo iliyomkomesha shujaa katika mkao wake. Kimo kitenzi kimoja, kulenga, kisichokamilika wala kukoma. Na imo hadhira ambayo uhusiano wake na umbo hilo umejengwa juu ya swali moja: je, huyu yu hai? Nguvu ya sanamu ya mtu, basi, haitoki katika kufanana na mtu. Inatoka katika kushindwa kwa watazamaji kupita karibu nayo kama wanavyopita karibu na mti.

Kwa kipimo hicho, askari wa Dar es Salaam ni kiroja. Naye amelenga, naye ana silaha, naye yuko mahali ambapo kila mtu hana budi kupita. Daladala na watembea kwa miguu humzunguka bila hata kuinua macho. Kufa kwa hofu kunaweza kuelezwa kwa mazoea, lakini maelezo hayo hayatoshi, kwa sababu wapo wa shaba ambao mazoea hayakuwaua. Chanzo cha udhaifu wake kimo katika historia ya jiwe alilosimama juu yake.

Mahali pale palikuwa na sanamu nyingine. Mwaka 1909 Wajerumani walimsimamisha Hermann von Wissmann, mtu aliyeongoza vita vya kuuzima upinzani wa Mrima na ambaye katika uongozi wake Abushiri bin Salim alinyongwa Pangani mwezi Desemba 1889. Wissmann alisimama juu. Chini yake palikuwa na askari Mwafrika wa shaba, akiifunika maiti ya simba kwa bendera ya Kijerumani huku akimtazama bwana wake. Mpangilio huo ni wa kifasihi kabisa: mhusika mkuu ana jina na kimo, mhusika msaidizi hana jina, na kazi yake ni kutuonyesha jinsi ya kumtazama mkuu. Ukilinganisha na *Utenzi wa Vita vya Wadachi Kutamalaki Mrima* wa Hemedi bin Abdallah al-Buhriy, uliozungumzia vita vilevile, utaona jinsi maada mbili zinavyogawana kumbukumbu. Utenzi unaweza kuwataja watu wengi, wakubwa kwa wadogo, kwa gharama ya mizani chache kwa kila mmoja. Shaba ni ghali. Humpa jina mmoja, na waliobaki huwafanya kuwa pambo la jina hilo.

Waingereza walipouteka mji mwaka 1916 walimwangusha Wissmann na kumchukua. Baadaye alirudishwa Ujerumani, akasimamishwa mbele ya Chuo Kikuu cha Hamburg mwaka 1922, na wanafunzi wa chuo hicho wakamwangusha kwa mara ya mwisho mwaka 1968. Mahali pake Dar es Salaam, mwaka 1927, pakafunuliwa Sanamu ya Askari iliyotengenezwa na James Alexander Stevenson na kusubiwa Uingereza. Kwa mtazamo wa juujuu, haya ni mapinduzi makubwa: yule aliyekuwa akiinua macho kutoka chini sasa yuko juu, peke yake. Wako waliolisifu tendo hilo kama heshima ya aina yake kwa Mwafrika katika zama za ukoloni, na si haki kulibeza. Stevenson alikuwa fundi. Mkao wa mwili, uzito ulioegemea mguu wa mbele, kitambaa cha sare kinavyofuata msuli, vyote vimefanywa kwa uangalifu, na mtu anayeizunguka sanamu hii ataona kwamba haina upande uliolala. Ni sanamu ya duara kwa maana halisi ya neno.

Hata hivyo, katika istilahi ya uhakiki wetu, huyu ni mhusika bapa. Hana wasifu wala kijiji, hana lugha yake, wala shaka ndani yake. Ana sare na kitenzi. Aliyepandishwa juu ya jiwe ni yule yule msaidizi wa Wissmann. Kilichobadilika ni kwamba bwana wake hahitaji tena kuonekana. Hapo zamani ilitulazimu kufuata macho ya askari ili tumwone mtawala. Sasa mtawala amehamia katika maandishi.

Na tuyasome. Kwa muhtasari, matini ya Kipling inawakumbuka askari wenyeji waliopigana, wapagazi waliokuwa miguu na mikono ya jeshi, na wengine wote waliotumika na kufa kwa ajili ya mfalme na nchi yao katika Afrika ya Mashariki kati ya 1914 na 1918. Kisha, ghafla, nafsi inabadilika. Baada ya kuzungumza juu ya *wao*, matini inamgeukia *wewe*: ukiipigania nchi yako, hata ukifa, wanao watalikumbuka jina lako. Mgeuko huo wa nafsi ni ufundi wa msanii aliyeijua kazi yake, nao ndio unaoifichua matini. Sentensi ya kwanza ni ukumbusho. Ya pili ni tangazo la kuandikisha askari. Wafu wametumiwa kuwasemesha walio hai.

Tazama pia ni nani aliyepewa jukumu la kukumbuka. Si mfalme, wala serikali iliyoagiza sanamu. Ni *wanao*. Serikali inasimamisha umbo na kuwaachia watoto kazi ya majina, na kweli juu ya jiwe lile hakuna jina hata moja la mtu aliyekufa. Yaani matini inaahidi jina katika mahali pasipo na jina. Mtu anaweza kutetea kwamba kutotaja ni desturi ya dunia nzima, akatukumbusha kaburi la askari asiyejulikana lililofunguliwa London mwaka 1920. Ulinganisho huo hausimami. Yule wa London ni mwili mmoja wa kweli ambao jina lake lilipotea katika vita; ni mtu aliyekuwapo. Askari wa Dar es Salaam hakupotewa na jina, kwa kuwa halikuwahi kutafutwa. Mwezi Aprili 2021, Tume ya Makaburi ya Vita ya Jumuiya ya Madola ilikiri katika ripoti yake kwamba watu wasiopungua 116,000, na huenda hata 350,000, wengi wao wa Afrika Mashariki na Misri, hawakukumbukwa kwa majina, au pengine hawakukumbukwa kabisa. Hii ni tume ambayo kanuni yake tangu ilipoundwa mwaka 1917 ilikuwa kumpa kila mfu jina lake bila kujali cheo.

Kiswahili kina namna ya kulisema jambo hili ambayo Kiingereza cha Kipling hakina. Mzizi mmoja unatupa *kupigana*, *kupigania* na *kupiganishwa*. Matini imejengwa juu ya kitenzi cha pili, kwa sababu ndicho chenye lengo na heri. Wapagazi wengi walichukuliwa kwa nguvu, wakabeba mizigo katika njia ambazo magonjwa na njaa ziliua wengi kuliko risasi. Kitenzi chao ni cha tatu. Msomaji wa Kiswahili anayesimama pale analisikia pengo kati ya vitenzi hivyo hata kama hakulitafuta.

Sanamu za Nairobi, zilizofunuliwa mwaka 1928 katika barabara ambayo leo ni Kenyatta Avenue, ni za msanii huyohuyo na zinabeba ujumbe uleule, ila zina watu watatu, na mmoja wao ni mpagazi. Ni nyongeza yenye maana. Lakini sitaki kukaa hapo sana, maana ukumbusho mkubwa wa wapagazi hauko katika shaba. Uko katika sauti. Kikosi chao kwa Kiingereza kiliitwa Carrier Corps. Midomo ya watu ikakifinyanga kikawa *Kariakoo* mjini Dar es Salaam na *Kariokor* mjini Nairobi, majina ya mahali walipopiga kambi. Mchuuzi anayemwambia mwenzake kwamba anakwenda Kariakoo kufuata nyanya analitaja jeshi la wapagazi bila kujua. Ni ukumbusho usiohitaji ruhusa, wala haukumwinua mtu juu ya mwingine, na tawala zilizopita zimeshindwa kuuondoa. Shaba nayo ilinusurika, kwa sababu tofauti: wakati wa uhuru sanamu ya Lord Delamere iliondolewa katika barabara hiyohiyo ya Nairobi, maana ilikuwa na jina la kuchukiwa, wakati watu watatu wa shaba waliachwa. Mtu bapa hana maadui.

Tunafika kwa Dedan Kimathi. Sanamu yake ilifunuliwa na Rais Mwai Kibaki tarehe 18 Februari 2007, miaka 50 kamili tangu anyongwe, pale Kimathi Street inapokutana na Mama Ngina Street. Aliyeitengeneza ni Mkenya, Kevin Oduor. Kimathi amesimama katika sare, bunduki mkono wa kulia, kisu mkono wa kushoto, nywele zake za msituni zikishuka. Miaka minne tu kabla ya hapo, Mau Mau lilikuwa bado ni jina la chama kilichopigwa marufuku kisheria. Fasihi ilikuwa imetangulia mbali: tamthilia ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Mĩcere Gĩthae Mũgo ilitoka mwaka 1976, na baadaye ikasomwa kwa Kiswahili kama *Mzalendo Kimathi*. Jukwaa lilimpa sauti miongo mitatu kabla dola haijathubutu kumpa mwili.

Kwa vigezo vya ufundi pekee, sina hakika kwamba sanamu hii inaishinda ile ya Stevenson. Mkao wake ni wa mbele mno. Ni umbo linalotaka kutazamwa kutoka upande mmoja, na silaha mbili katika mikono miwili zinakaribia kuwa orodha. Mtu akisema kwamba Kimathi huyu ni bapa kuliko askari wa Dar es Salaam, ataleta ushahidi. Ila ushahidi huo utakuwa wa umbo tu, na sanamu haisomwi nje ya matini zinazoizunguka. Matini iliyo karibu zaidi na sanamu hii ni picha. Alipokamatwa mwezi Oktoba 1956 akiwa amejeruhiwa kwa risasi, Kimathi alipigwa picha amelazwa, pingu mikononi, na picha hiyo ikasambazwa na waliomkamata ili waliokuwa bado msituni waone kwamba mkuu wao ameanguka. Kwa nusu karne hiyo ndiyo sura yake iliyojulikana kuliko zote. Hivyo sanamu inayomsimamisha wima, ikamrudishia bunduki na kumvua pingu, inajibizana na picha ile kipengele kwa kipengele. Kitenzi chake si *kupigana*. Ni *kuinuka*. Mtazamaji asiyeijua picha ataona askari mwingine wa shaba; anayeijua hawezi kupita hivi hivi.

Hapa ndipo ule utupu wa bronzi unapotudai maelezo. Kimathi alizikwa ndani ya gereza la Kamiti katika kaburi lisilo na alama. Mjane wake, Mukami Kimathi, aliomba kwa miaka mingi mabaki ya mumewe yatafutwe ili ayazike, akafariki mwezi Mei 2023 bila kuyapata. Katika hadithi ya Liyongo mwili ulikuwapo, ukasimama mpaka watu wakaudhania uhai, kisha ukaanguka, na baada ya kuanguka watu wakateka maji. Nairobi mambo yamepinduka. Umbo limesimama pasipo mwili, milimita chache za shaba zikizunguka hewa, katika mtaa wenye jina lake, na hakuna mama wala mjane aliyepewa nafasi ya kulisogelea na kusema kwamba sasa amekwisha kuanguka.